Waliimba kweli, au ni midomo tu?

"Shikamoo mzee. Mimi ni mpiga kinanda wa kwaya hapa Tanga. Usiku nikitoka mazoezini huwa naangalia kwenye simu video za waimbaji wa Marekani wa miaka ya 1940 na 1950, enzi televisheni yao inaanza. Mwimbaji anasimama peke yake, hana maiki mkononi wala mbele yake, bendi haionekani, na sauti imetulia kabisa. Mwenzangu anayeimba besi anasema wote hao wanafuatisha midomo tu, kama wasanii wetu wanaopanda jukwaani na CD. Mimi nabisha. Nani amepatia? Na kwa nini nyingine picha yake ina ukungu hivyo, wakati sinema za zamani kuliko hizo zinaonekana safi?"

Marahaba, kijana wangu. Wewe umepatia kuliko mwenzako, ila na yeye usimcheke. Kati ya video mnazoangalia zimo ambazo mwimbaji kweli anafuatisha mdomo. Shida ni kwamba kwenye simu zote zimetiwa kapu moja na kuandikwa "televisheni ya zamani", wakati baadhi yake hazikuzaliwa kwenye televisheni. Tuanze na hizo.

Mwaka 1940 kampuni ya Mills Novelty ya Chicago iliingiza sokoni mashine iliyoitwa Panoram. Lilikuwa kabati kubwa la mbao lenye kioo mbele, na ndani yake mna projekta ya filamu ya milimita 16. Liliwekwa kwenye mabaa, mahoteli na vituo vya usafiri. Unatumbukiza senti 10, unaonyeshwa wimbo mmoja wa dakika tatu hivi. Huchagui: filamu nane zimeungwa kwenye mkanda mmoja, unapata ile iliyofikiwa. Filamu hizo ziliitwa Soundies, na ziliendelea kutengenezwa hadi muda mfupi baada ya vita vya pili vya dunia kwisha. Utaratibu wake ulikuwa kurekodi sauti kwanza, kisha siku ya kupiga picha wanamuziki wanafuatisha rekodi yao wenyewe. Ukiona mpiga dramu anarusha fimbo hewani na mdundo haukatiki, au mwimbaji anageuka kumpa mgongo mtazamaji na sauti haibadiliki hata chembe, huenda unaangalia Soundie. Baadaye vituo vya televisheni vikawa na njaa ya vitu vya kujaza muda, filamu hizo zikauzwa huko, na ndipo zikapewa jina la televisheni. Hapo mwenzako wa besi kapatia, mpe haki yake.

Tukija kwenye televisheni yenyewe, hadi mwisho wa 1956 haikuwa na kanda ya kurekodia picha. Mwimbaji alisimama studio mjini New York saa mbili usiku, akafungua kinywa, na mtu aliyekaa sebuleni kwake akamsikia sekunde ileile. Akikosea, kakosea mbele ya nchi. Wapo waliowekewa sahani ya santuri wakafuatisha, lakini katika vipindi vikubwa vya muziki vya wakati ule kilichoimbwa ndicho kilichorushwa. Elvis Presley alipoingia kwa mara ya kwanza kwenye kipindi cha Ed Sullivan, tarehe 9 Septemba 1956, aliimba kwa koo lake. Miriam Makeba, ambaye wengi wetu tunamjua kwa Malaika, alipotokea kwenye kipindi cha Steve Allen mwezi Novemba 1959 aliimba kwa koo lake.

Basi maiki ilikuwa wapi? Juu ya kichwa chake. Nimefanya kazi ya sauti studio kwa miaka mingi, na hili nataka ulione vizuri, maana ndilo linalowapoteza watu wengi. Kulikuwa na kitoroli chenye magurudumu, juu yake ngazi ndogo ambapo fundi anasimama, na mbele ya fundi mkono mrefu wa chuma unaoweza kurefuka na kufupika. Sisi mafundi tunauita bumu. Maiki inaning'inia kwenye ncha. Kwa mkono mmoja fundi anarefusha na kufupisha chuma, kwa mwingine anaizungusha maiki ielekee kinywani. Mwimbaji akipiga hatua mbili kulia, maiki inamfuata hewani. Akiinamisha kichwa kwenye maneno ya huzuni, maiki inashuka. Fundi hodari aliujua wimbo kama mwimbaji mwenyewe, alijua wapi ataikaza sauti, na kabla hajaikaza alishainyanyua maiki kidogo ili sauti isipasuke.

Adui wa fundi huyo alikuwa kivuli. Mimi mwenyewe niliwahi kushika mti wa maiki katika kituo kimoja cha Dar es Salaam, kwenye kipindi cha taarabu, na kivuli cha maiki kikapita polepole kwenye paji la uso wa mwimbaji kama nzi anayetembea. Niliusogeza mti, kivuli kikasogea nao. Siku ile ndipo nilipoanza kuziangalia video za zamani kwa heshima nyingine. Taa zao zilikuwa nyingi na kali kuliko zetu, na bado kivuli hukioni mara kwa mara. Ukikiona, furahi: mstari wa kijivu ukipita ukutani nyuma ya mwimbaji ni ushahidi kwamba maiki ilikuwa inafanya kazi. Anayefuatisha santuri hana haja ya bumu.

Bendi nayo ilikuwepo. Mara nyingi okestra ilikaa upande wa pili wa studio ileile, nje ya picha, na katika baadhi ya maonyesho ya opera ilikaa chumba kingine kabisa, kiongozi anamwona mwimbaji kwenye skrini ndogo, mwimbaji anaisikia ala kwa spika iliyofichwa nyuma ya pazia. Wewe mpiga kinanda unajua maana yake. Huwezi kumtazama mwimbaji usoni ukaona anavuta pumzi. Ndiyo sababu kwenye video nyingi utasikia mwimbaji anaanza neno na ala zinamfikia nukta moja baadaye, hasa pale tempo inapolegezwa mwishoni mwa ubeti. Sikiliza hapo hapo mwishoni. Santuri hailegei kumsubiri mtu.

Kuna sababu nyingine ya mwimbaji kuonekana mpweke, nayo ni ya kazi na mishahara. Chama cha wanamuziki cha Marekani, chini ya James Petrillo, kiliwakataza wanachama wake kupiga muziki kwenye televisheni. Petrillo aliogopa, na mimi namwelewa, kwamba chombo kipya kitakula kazi za wapiga ala kama filamu zenye sauti zilivyokula kazi za waliokuwa wakipiga ndani ya majumba ya sinema zisizo na sauti. Kwa miaka kadhaa baada ya vita, vituo vikawa na kamera, vikawa na waimbaji, lakini okestra hawana. Zuio lilipoondolewa mwezi Machi 1948, mashirika mawili makubwa yalikimbizana. Tarehe 20 Machi CBS ikaonyesha okestra ya Philadelphia chini ya Eugene Ormandy, na jioni hiyohiyo NBC ikamwonyesha Arturo Toscanini akiongoza okestra yake katika Studio 8H, programu nzima ya muziki wa mtunzi Wagner. Alikuwa amebakiza siku tano atimize miaka 81. Watu waliokuwa wamelipia tiketi kumwona miaka yote hiyo walikuwa wameuona mgongo wake. Kamera ikasimama upande wa wanamuziki, na mtu wa kawaida nyumbani akauona uso: macho, midomo inayoimba kimyakimya, mkono wa kushoto unaoomba. Kwangu mimi hicho ndicho kitu cha kwanza ambacho televisheni iliupa muziki na redio haikuweza.

Mwaka 1951, mkesha wa Krismasi, NBC ikarusha opera ya Gian Carlo Menotti iliyoagizwa makusudi kwa ajili ya televisheni, ya kwanza ya aina hiyo Marekani, nayo ilikwenda moja kwa moja, bila kusimama.

Labda umeona pia kwamba mwimbaji anasimama kama mti. Alilazimika. Kamera za wakati ule zilikuwa na lenzi tatu au nne zilizofungwa kwenye sahani inayozunguka. Ukitaka kumsogeza mwimbaji karibu, unazungusha sahani, na wakati inazunguka picha ni vurugu tupu, hivyo lazima kwanza wakate kwenda kamera nyingine. Ndiyo maana picha inakaa muda mrefu mahali pamoja. Taa zilichoma, watu walitoka jasho ndani ya suti. Shati jeupe liliepukwa, kwa sababu weupe mkali uliichanganya kamera. Walivaa la buluu hafifu, na nyumbani lilionekana jeupe. Kitu chochote kinachong'aa, hereni, tarumbeta, kilizungukwa na duara jeusi kama moshi. Ukiliona duara hilo, jua kwamba picha ilipita kwenye kamera ya televisheni, maana filamu ya sinema haina tabia hiyo.

Sasa swali lako la ukungu, ambalo nimelipenda kuliko yote.

Sinema ya mwaka 1940 ilipigwa kwenye filamu, na filamu ile ikitunzwa vizuri leo bado ni safi. Televisheni ilikuwa umeme unaopita. Njia pekee ya kuishika ilikuwa kuweka skrini ndogo yenye mwanga mkali, na mbele yake kamera ya filamu, kisha kuipiga picha skrini wakati kipindi kinaendelea. Wao waliita kineskopu, na vifaa vyake viliingia sokoni mwaka 1947. Ni sawa na wewe leo uchukue simu uirekodi televisheni ya jirani. Zaidi ya hapo, televisheni yao ilitoa picha 30 kwa sekunde na filamu ilipiga 24, hivyo kila sekunde kuna vipande lazima vitupwe, na kutoka hapo unapata mtikisiko mdogo ambao labda umeuona mwimbaji anapogeuza kichwa. Walifanya hivyo kwa sababu hadi Septemba 1951 hakukuwa na njia ya kupeleka picha moja kwa moja kutoka pwani moja ya Marekani hadi nyingine. Los Angeles ikasubiri kopo la filamu lije.

Kwa hiyo utaona mambo yamegeuka. Ile video safi inayong'aa kama sinema ndiyo ya kuishuku kwanza, kwa sababu iliandaliwa kama filamu na huenda sauti ilirekodiwa siku nyingine. Ile yenye ukungu, yenye mistari, ambayo pembe zake zimejikunja kama skrini ya kioo kilichobinuka, ndiyo iliyotoka hewani. Mimi nikitaka kujua mtu alikuwa na sauti ya namna gani, naenda kwenye ukungu.

Hilo la kupiga picha skrini lilikuwa bahati ya wachache. Siku BBC ilipoanza matangazo yake ya kawaida, tarehe 2 Novemba 1936, katika jumba la Alexandra Palace kaskazini mwa London, aliimba Adele Dixon, na wakafuata Wamarekani weusi wawili, Buck na Bubbles, mmoja piano, mwingine miguu. Matangazo yenyewe hayakunaswa. Picha za Adele Dixon unazoziona leo zilipigwa kwa kamera ya filamu kwa ajili ya kuonyesha jinsi televisheni inavyofanya kazi. Sauti na nyayo za Buck na Bubbles za alasiri ile zimekwenda na hewa.

Na hata vilivyonaswa vingi vimepotea. Hazel Scott, mpiga piano aliyezaliwa Trinidad, mwaka 1950 alipata kipindi chake mwenyewe kwenye mtandao wa televisheni wa DuMont, mwanamke wa kwanza mweusi Marekani kupewa nafasi hiyo katika televisheni ya kitaifa. Alipiga Bach, akaigeuza katikati ikawa jazi. Majira hayohayo jina lake likachapishwa kwenye orodha ya wanaoshukiwa ukomunisti. Akaenda mwenyewe mbele ya kamati ya Bunge mwezi Septemba kujibu, na wiki moja baadaye kipindi kikafutwa. Hakuna nakala yake inayojulikana kubaki. DuMont yenyewe ilifunga mwaka 1956, na mwimbaji Edie Adams, aliyefanya kazi huko, alieleza mbele ya Maktaba ya Bunge la Marekani mwaka 1996 kwamba mwanzoni mwa miaka ya 1970 shehena ya filamu za mtandao huo ilipakiwa kwenye malori matatu na kumwagwa majini, bandarini New York. Kila ninapokumbuka habari hiyo huwa natulia kidogo. Mtu kama wewe, mpiga kinanda, ungetoa nini kuziona dakika tano za vidole vya Hazel Scott?

Kanda ya video ilionyeshwa na kampuni ya Ampex mwezi Aprili 1956, pana inchi mbili, ghali sana, na ughali ule ndio uliozidisha hasara: kwa kuwa kanda iliweza kufutwa, ilifutwa. Uingereza walifanya hivyo hivyo. Kipindi cha nyimbo zinazopendwa cha BBC kilichoanza tarehe 1 Januari 1964 katika lililokuwa kanisa huko Manchester kilifutwa karibu chote cha miaka ya mwanzo ili kanda itumike tena.

Kipindi hicho kinanirudisha kwa mwenzako. Pale wasanii walifuatisha midomo, na mtazamaji alijua. Philadelphia walikuwa wameshaanza: kipindi cha vijana cha American Bandstand, kilichoingia kwenye mtandao wa ABC kote nchini mwezi Agosti 1957, kiliweka sahani na msanii akaigiza mbele ya vijana wanaocheza. Sababu si uvivu. Vijana walitaka sauti ileile waliyoinunua dukani, yenye mwangwi wa studio ambao bumu haliwezi kuutoa, na mwenye kampuni ya santuri alitaka sahani yake isikike. Kulipa okestra ni gharama, kuweka sahani ni bure. Hivyo kama video yenu ni ya mwanzo wa miaka ya 1950, egemea upande wako. Kama ni ya 1958 kuja mbele na kuna vijana wanacheza pembeni, egemea upande wake. Uingereza chama cha wanamuziki kilipambana na jambo hilo, na mwaka 1966 kikafanikiwa kulibana.

Sisi Tanzania Bara televisheni tuliipata mwaka 1994, kwa hiyo bendi zetu za miaka ya 1970 hatukuziona, tulizisikia. Lakini ukisikiliza zilizorekodiwa Redio Tanzania, bendi nzima ndani ya chumba kimoja, wote wanaanza na kumaliza pamoja, utaikuta pumzi ileile.

Mwisho, video ya kumwonyesha mwenzako. Tarehe 8 Desemba 1957 CBS ilirusha kipindi cha saa moja kiitwacho The Sound of Jazz. Waandaaji waliondoa mapambo yote. Studio tupu, kamera zinaonekana, maiki zinaonekana, wanamuziki wamevaa nguo zao za kila siku na kofia zao. Billie Holiday amekaa kwenye kiti kirefu, nywele amezifunga nyuma, katikati ya duara la wapigaji, anaimba bluzi yake mwenyewe ya polepole. Angalieni kineskopu ya kipindi chenyewe, msije mkadanganyika na santuri yenye jina hilohilo, ambayo ilirekodiwa studio siku nne kabla na sauti zake ni nyingine.

Ben Webster anapiga saksafoni kwanza, mnene na mzito. Kisha anainuka Lester Young na saksafoni yake, rafiki wa Billie wa miaka mingi, mgonjwa, amekonda. Noti zake ni chache, na kati ya moja na nyingine anaacha nafasi. Wakati huo kamera inamwacha, inamwangalia Billie anayemsikiliza. Mwambie mwenzako atazame kichwa chake: kinatikisika taratibu, kinakubali, midomo inataka kutabasamu, inakaza, inalegea tena. Hakuna sahani iliyowahi kupigwa mapema ambayo mtu angeweza kuifuatisha kwa uso wa namna ile. Kabla mwaka 1959 haujafika Agosti wote wawili walikuwa wameshafariki, Lester mwezi Machi, Billie mwezi Julai.